Taarifa ya Mwenyekiti kwa Mkutano Mkuu wa Mwaka 2024: Ungajungu na Miguu Yake Sita

Ndugu wanachama,

Kwa heshima na taadhima nawasilisha taarifa ya chama chetu cha hadithi. Shughuli za kawaida mnazijua: tulisomeana, tulihakikiana, tulitembelea shule mbili, tukachapa ramani ya Kisiwa cha Vigae, kisiwa chetu cha kubuni, nakala 50. Mikutano 12 ilipangwa, ikafanyika 9. Mitatu ilivunjika kwa kukosa akidi. Ule wa Mei, siku ya mvua, tulikuwa wanne. Nilifika wa kwanza nikapanga viti 38, na ni mimi niliyevirudisha stoo.

Najua kilichowaleta leo kwa wingi huu ni uamuzi wangu wa Aprili kuhusu ungajungu, mdudu wa hadithi zetu. Yamesemwa mengi pembeni, kwa hiyo nitaanzia mbali kidogo.

Wakongwe wanakumbuka mdudu huyu alivyozaliwa. Vunjajungu alitua juu ya daftari la mahudhurio, akainua mikono kama anayeomba dua, akageuza kichwa akatutazama mmoja mmoja. Mwenzetu akataka kumpangusa, mwingine akamdaka mkono: “Usimguse, utavunja vyombo nyumbani.” Ndivyo tulivyolelewa sote. Hapo nikauliza mimi, na muhtasari upo: kama yupo wa kuvunja, wa kuunga yuko wapi?

Basi tukamtunga ungajungu. Vunjajungu jike hutaga mayai ndani ya povu linalokauka likawa gumu. La ungajungu tukalifanya liunge kilichovunjika. Vunjajungu wa aina nyingi wana sikio moja tu, nalo liko kifuani. La ungajungu tukalipa kazi ya kusikia ufa kabla chungu hakijapasuka. Na kwa kuwa kisiwani Vigae kila mtu huzaliwa na chungu chake, na kumbukumbu zake zote zimo humo, nyumba isiyo na ungajungu hailali usingizi.

Mwezi Machi ikasomwa hadithi ambayo ungajungu mmoja aliunga chungu, akaunga mtumbwi, akaunga mguu wa mvuvi, akaunga ndoa, mwishowe akamrudishia uhai mtoto aliyezama. Tulipiga makofi, na mimi nilipiga. Lakini usiku ule sikulala. Mtumbwi ulipopasuka katikati ya bahari, ukumbi mzima hapana aliyeshtuka. Tutashtukaje, na mdudu yuko mfukoni? Na wafinyanzi wa Vigae, ambao wengi wenu mmewaandika kwa mapenzi makubwa, watakula nini ikiwa hakuna chungu kinachokufa?

Ndipo nikaamua: kila mara ungajungu anapounga, mguu mmoja hudondoka. Anayo sita. Wa sita ukidondoka naye amekwisha, na aliyekufa haungwi.

Nimelaumiwa kwamba niliamua peke yangu. Kikao cha Aprili kiliitishwa kwa ajili ya jambo hilo hilo. Walikuja sita, akidi ni 13. Ramani ilikuwa kwa mpiga chapa, na maelezo ya ungajungu yalitakiwa yakae pembeni mwake. Katiba yetu inamruhusu mwenyekiti kuamua jambo la dharura, nami niliamua. Wanaosema hawakushirikishwa, naomba wafungue daftari la mahudhurio waangalie jina lao siku ile.

Hoja moja ilikuwa nzito na naiheshimu. Mwenzetu anayejua wadudu alisema tunutu wa vunjajungu, yaani mchanga asiyeota mbawa bado, akikatika mguu huweza kuuotesha tena anapojivua ngozi. Ni kweli. Nikaongeza sharti kwamba povu la kuunga hulitoa mdudu aliyekomaa tu, mwenye mbawa, ambaye hajivui tena. Kwa hiyo msiseme sisikilizi.

Hadithi 7 zilirudishwa zirekebishwe. Mmoja wa waandishi hao hajaongea nami tangu siku hiyo, na jambo hili limeniuma kuliko mnavyodhani. Hadithi yake ni ya bibi mwenye vyungu tisa, vya watoto wake, vilivyopasuka usiku mmoja wa tetemeko. Zamani mdudu aliviunga vyote kabla hakujapambazuka. Sasa bibi amekaa sakafuni na vigae tisa tofauti mapajani, mdudu yuko begani, na miguu ni sita. Dada yangu, nakuomba mbele ya wote: iandike hiyo. Hakuna mwingine humu atakayeiweza.

Upande wa fedha, ada ni shilingi 24,000 kwa mwaka, kwa wanachama 38 tulitarajia 912,000. Waliolipa kamili ni 13, waliolipa nusunusu 9, ambao hawajalipa hata senti ni 16. Tumepata 402,000. Uchapaji ulichukua 210,000 na chai na vitafunio 118,000, zimebaki 74,000. Ramani iligharimu zaidi ya hapo. Shilingi 60,000 nilitoa mfukoni mwangu na sijazidai. Inasikitisha kwamba miongoni mwa wale 16 wamo wenye sauti kubwa kuliko wote juu ya miguu ya ungajungu.

Mwaka ujao tunatarajia, Mungu akipenda, kukusanya hadithi zetu katika kitabu kimoja, wafadhili wakipatikana. Pia kuna mawazo ya kuwashirikisha vijana. Waliochukua ramani kwa ajili ya kuuza wakabidhi fedha au nakala kwa Mhazini kabla ya kuondoka.

Naomba kuwasilisha.

Mwenyekiti