Taarifa ya mwenyekiti kwa wanachama wachenjuaji wa marudio, mwaka 2025

Ndugu wanachama, wazee shikamooni, akina mama wa mialoni kunakooshewa mchanga wa dhahabu na vijana wa kwenye matangi poleni na kazi. Najua wengi mtasoma hii kwenye simu mkiwa saiti kwahiyo sitajaza mambo ya ofisi, habari za fedha mhazini ataleta zake kwenye mkutano pamoja na risiti, mimi nitaongelea kazi yenyewe ya kutoa dhahabu kwenye marudio, yaani mchanga unaobaki baada ya mawe kusagwa na dhahabu ya kwanza kukamatwa, ilivyokwenda.

Mwaka huu ulikuwa mwaka wa bei. Machi aunsi moja ikavuka dola 3,000 watu tukashangaa, Oktoba ikavuka 4,000 tukaacha kushangaa. Aunsi ni gramu 31.1, yaani gramu moja ya dhahabu safi soko la dunia ilifika dola 128 na kitu. Sasa bei ikipanda hivyo mnajua kinachofuata, kila kichuguu cha mchanga kilicholala nyuma ya karasha, ile mashine ya kusagia mawe, kinakuwa mali, marundo ambayo zamani mtu alikuwa anakuomba uyazoe umsafishie uwanja leo yana wenyewe watatu na mlinzi wa usiku. Na kweli hesabu imebadilika, mchanga wa gramu 1 kwa tani ambao ulikuwa haulipi hata dizeli sasa unalipa. Wenzetu wa Johannesburg wanarudia milima ya marudio ya migodi ya zamani wanatoa kama gramu 0.2 tu kwa tani na wanapata faida, ila wale wanasukuma mchanga kwa mabomba ya maji, mamilioni ya tani kwa mwaka, sisi tunapakia kwa sepetu na tripa kwahiyo tusijilinganishe.

Tatizo ni kwamba bei nzuri imeficha kazi mbovu. Malalamiko mengi yaliyoletwa kwenye kamati mwaka huu yana mwanzo mmoja: mtu kanunua rundo kwa sampuli aliyopewa na muuzaji. Muuzaji anachota mahali anapopajua yeye, maabara inasoma gramu 3, mnunuzi anaona utajiri. Chukulia tangi la tani 40, kwa gramu 3 una gramu 120 ndani, ukitoa asilimia 70 unaondoka na 84. Kumbe rundo zima wastani wake ni gramu 1.5, unaondoka na 42. Hizo 42 zilizopotea kwa bei ya Oktoba ni zaidi ya dola 5,000 kabla ya makato, na hizo hela ulishazihesabu, umeshakopa mota na umemuahidi mwenye tripa. Halafu anakuja kwangu anasema sayanaidi, ile dawa ya kuyeyushia dhahabu tangini, ya siku hizi ni feki.

Sayanaidi sio feki. Hukupima. Nimeona kijana mmoja wa kwetu anavyofanya na ningependa wote tumuige, anachukua bomba la plastiki la inchi mbili analipigilia kwenye rundo kutoka juu mpaka linagusa udongo wa asili, analichomoa anakung'uta kwenye turubai, anasogea hatua chache anarudia, anazunguka rundo lote mpaka katikati. Kisha anachanganya, anatengeneza kichuguu, anakikata robo nne, robo mbili zinazotazamana anazitupa, zilizobaki anachanganya tena anakata tena mpaka inabaki kilo chache. Zinagawanywa mifuko mitatu, mmoja wake, mmoja wa muuzaji, wa tatu unafungwa unasainiwa unakaa ofisini, wakigombana ndio unaenda maabara. Na kabla ya yote anapima unyevu, maana mchanga uliolowa ukiununua kwa tani unanunua na maji.

Kingine, dhahabu iliyopo na dhahabu inayotoka ni vitu viwili tofauti. Maabara ikikupa majibu ya kuchoma moto inakwambia iliyopo yote, hata ile iliyofungwa ndani ya paraiti, madini ya chuma na salfa, ambamo sayanaidi haifiki. Mawe ya juu yaliyooza, yale mekundu, yanatoa vizuri, ila maduara, yaani mashimo ya kuchimbia, yamekwenda chini sana siku hizi na mawe ya chini ya maji ni ya salfaidi, yaani yenye salfa, meusi mazito, mchanga wake unakula sayanaidi na kama kuna shaba ndani ndio unakula kabisa na dhahabu unakuta imebaki humohumo. Kwahiyo omba maabara wakuzungushie chupa, sampuli yako na sayanaidi masaa 24, wakupe namba ya kinachotoka. Gharama yake ukilinganisha na tangi zima lililogoma ni hela ya chai.

Kwenye matangi kwenyewe. Chokaa kwanza, sayanaidi baadaye, hili nimelisema kila mkutano na nitalisema tena. Sayanaidi ikikutana na maji yenye asidi inakuwa gesi na hiyo gesi ndio inaua watu. pH ni kipimo cha asidi, ikishuka asidi inazidi. Maji yakiwa pH 10.5 mko salama, ikishuka mpaka 9.2 hapo tayari nusu ya sayanaidi yako imegeuka gesi, inapanda hewani inakuua wewe na pia ni hela yako inapepea. Mchanga wa salfaidi unatengeneza asidi wenyewe kwahiyo ulichopima jumatatu sio cha jumatano, pima kila siku. Tena tangi liacheni lipumue, dhahabu haiyeyuki kwa sayanaidi peke yake inahitaji na oksijeni, shusha maji yaishe kabisa mchanga uvute hewa ndio upandishe tena, wapo wanaoacha maji yamesimama wiki nzima wanasema wanaloweka. Unaloweka nini, maharage? Na mchanga wenye tope jingi usiumwage hivihivi tangini, maji hayapiti, yanatafuta njia pembeni mwa ukuta na katikati panabaki pakavu, changanya na mchanga wa chenga kubwa au uviringishe na saruji na chokaa kidogo ushikane kwanza.

Kaboni. Hapa ndipo urafiki unavunjika. Kaboni, ule mkaa wa vifuu vya nazi unaonasa dhahabu kwenye maji ya sayanaidi, ikishabeba dhahabu haina tofauti kwa macho na ambayo haijabeba, ni nyeusi tu, kwahiyo mtu akichota kopo moja akarudishia kopo la kaboni mpya hujui kitu mpaka siku ya elusheni, yaani kuivua dhahabu kwenye kaboni. Tulikubaliana kwenye kikao cha katikati ya mwaka kwamba kaboni ikitolewa tangini inapimwa uzito mbele ya mwenye mchanga, mwenye mtambo na mtu wa chama, sampuli inachukuliwa hapohapo, ndoo zinafungwa kwa lakiri, ndipo zinapanda gari. Waliofuata wamelala vizuri. Ambao hawakufuata wameleta kesi nne mezani, nazo zote hatuna ushahidi wa kuzimalizia, tutabaki kusikilizana tu. Na lile vumbi la kaboni linalobaki chini ya ungo msilimwage, kaboni iliyosagika inabeba dhahabu kama nzima, kusanyeni kwenye ndoo.

Sasa zebaki, na hapa nitasema kwa urefu maana naona watu hawajaelewa kwanini tunaipigia kelele. Marudio yetu karibu yote yametoka mialoni ambako zebaki imeshatumika kukamata dhahabu. Tanzania iliridhia Mkataba wa Minamata, ule wa kimataifa wa kudhibiti zebaki, mwaka 2020 na mkataba wenyewe unataja vitu vya kukomeshwa, kimojawapo ni hichi tunachokifanya, kuweka sayanaidi kwenye marudio yenye zebaki bila kuitoa zebaki kwanza. Sio wazungu wamejitungia tu. Sayanaidi inayeyusha zebaki kama inavyoyeyusha dhahabu, inaingia kwenye maji, inapanda kwenye kaboni, inaenda mpaka elusheni, inaganda kwenye ile sufi ya chuma pamoja na dhahabu, na siku ya kuyeyusha kijana anayesimama juu ya moto anaivuta yote kifuani. Yeye hajawahi kushika zebaki mkononi, hajui hata kama ipo. Kwahiyo kamati inaomba marudio yapitishwe tena kwenye mwalo wenye mtego kabla ya kuingia tangini, zebaki nzito itabaki chini na ina dhahabu ndani yake pia, na wenye mitambo ya elusheni waweke ritoti, chombo kilichofungwa kinachonasa mvuke wa zebaki, ya kukaushia ile tope ya dhahabu kabla ya kuyeyusha. Mmoja ameshaweka. Wengine wanasubiri waone kama amepata hasara.

Bwawa la topesumu. Masika yaliyopita maji yalifika karibu na ukingo kwenye mabwawa mawili ya wanachama na tukalala macho, vijana wakajaza viroba usiku kucha, namshukuru Mungu hayakumwagika. Mnakumbuka Mwadui Novemba 2022, lile bwawa la mgodi wa almasi lilipobomoka tope likaingia mashambani na kwenye nyumba za watu, na lile halikuwa na sayanaidi. Kule Romania, Baia Mare, tarehe 30 Januari 2000, bwawa la kampuni iliyokuwa inafanya kazi kama yetu, kurudia marudio ya zamani kwa sayanaidi, lilibomoka baada ya mvua na theluji kuyeyuka, maji kama mita za ujazo 100,000 yakaingia mtoni, yakavuka mpaka nchi jirani ya Hungary, samaki wakafa mto mzima mpaka Danube. Mito yetu yote hii inakwenda Ziwa Victoria na dagaa tunakula wenyewe. Kabla ya masika kila mwenye bwawa aache nafasi juu ya maji, achimbe mfereji wa kuzuia maji ya mvua yasiingie kutoka mlimani, na karatasi za NEMC, lile baraza la mazingira, na za Mkemia Mkuu ziwe pale saiti sio nyumbani kwa shemeji.

Jambo lililotugawa mwaka huu ni nani mwenye marudio. Desturi tumeikuta, mchimbaji analeta mawe yake, anasagiwa kwenye karasha, anakamata dhahabu yake kwa zebaki, mchanga unabaki kwa mwenye karasha kama malipo ya kusaga. Wakati ule watu walidhani mchanga ni uchafu. Ukweli ni kwamba zebaki mara nyingi haikamati hata asilimia 40 ya dhahabu iliyomo, ile nyembamba yote inapita, kwahiyo mchimbaji aliyeingia shimoni mita 60 anaondoka na sehemu ndogo na kubwa anaiacha uwanjani. Wachimbaji sasa wamejua, na wana haki ya kujua. Wenye makarasha nao wanasema wamenunua mota, wanalipa umeme, bila marudio hawasagi, nao hawajasema uongo. Kamati ilipendekeza mchimbaji achague kabla ya kusaga: alipe hela ya kusaga achukue mchanga wake, au asagiwe bure auache, na iandikwe kwenye daftari wote wasaini. Baadhi yenu mlitoka kikaoni kwa hasira na wawili wamesema watahama chama. Mimi msimamo wangu haujabadilika. Mtu akiuacha mchanga huku anajua thamani yake hiyo ni biashara, akiuacha kwa kuwa hakuambiwa siwezi kuitetea mbele ya Afisa Madini wala mbele ya mtu yeyote.

Vijana wameniuliza sana habari ya kutoa dhahabu kwenye bodi za simu na kompyuta, wameona video. Japani walitengeneza medali za Olimpiki ya Tokyo kutokana na vifaa vya kielektroniki vilivyotumika, walikusanya tani 78,985 na simu milioni 6.21, wakapata dhahabu kilo 32. Pigeni hesabu, kwa hizo tani zote ni kama gramu 0.4 kwa tani, marudio yetu yanaishinda! Ni kweli bodi za simu zikichambuliwa peke yake zina dhahabu nyingi kwa tani kuliko mwamba wowote mnaoujua, lakini tani ya simu unaipata wapi hapa, na wale wa kwenye video wanachemshia asidi ya naitriki na haidrokloriki kwenye ndoo barazani bila hata feni. Kwenye eneo la chama hiyo kazi hairuhusiwi mpaka tupate mtu mwenye utaalamu na sehemu yenye kinga. Anayetaka kukusanya bodi na kuziuza kwa wanaosafirisha, hiyo ruksa.

Yanayofuata. Mafunzo ya kuchukua sampuli na kupima sayanaidi ya tangini kwa matone ya silva naitreti yatafanyika kabla ya mvua, kila mtambo ulete watu wawili na angalau mmoja awe anayelala saiti, sio bosi. Katibu anapokea majina. Nafasi ya makamu mwenyekiti iko wazi tangu mwenzetu alipohamia Chunya, fomu zipo ofisini na ningependa tuone akina mama wakichukua, wao ndio wanashinda na huo mchanga kutwa. Wenye ada ya nyuma mnajijua, mhazini ana orodha na ameniambia safari hii ataisoma kwa sauti.