Kura ya 1957 isisahaulike Kamalondo

Bwana Mhariri,

Tulipochagua madiwani wa komini, yaani mitaa ya mji yenye baraza lake, Desemba 2023, vijana wengi hapa Lubumbashi, Kongo, walidhani jambo hilo halijawahi kutokea. Wazee wa Kamalondo wangewacheka. Mtaa wao, zamani ukiitwa komini ya Albert, ulipiga kura Desemba 1957, Mbelgiji akiwa bado bwana wa nchi. Mji wetu, Élisabethville ya siku zile, ulitangulia pamoja na Léopoldville (leo Kinshasa) na Jadotville (leo Likasi).

Tusiipambe mno kura ile. Akina mama walifungiwa nje, vijana chini ya miaka 25 vilevile, na neno la mwisho lilibaki kwa serikali ya kikoloni. Lakini kishindo chake! Katika komini nne za Waafrika, wakuu watatu walitoka Kasai na mmoja Kivu, nje ya jimbo letu la Katanga. Waliojiita wenyeji wa Katanga wakaona mji umewaponyoka. Oktoba 1958 wakaunda chama chao, Conakat, na Julai 1960 kiongozi wake, Moïse Tshombe, akatangaza Katanga imejitenga. Sisemi kura ya mitaa ndiyo iliyovunja nchi. Shaba na wenye migodi walikuwa na mkono wao, tena mrefu. Ila maneno ya "mwenyeji" na "mgeni" tunayoyasikia kila msimu wa kampeni yalipata nguvu hapo.

Naomba gazeti lako lichapishe majina ya madiwani wa 1957, komini kwa komini, kabla wajukuu wao hawajatupa makaratasi.

Msomaji wako,
Kamalondo, Lubumbashi