Taarifa ya Mwenyekiti kwa Mkutano Mkuu wa Mwaka: Kanuni Tuliyoitunga na Yaliyotokea Baadaye

Ndugu wanachama,

Kwa mujibu wa katiba yetu ninawasilisha taarifa ya mwaka. Hesabu za fedha atazisoma mweka hazina, na orodha ya wanachama wapya anayo katibu, kwa hiyo sitaingia huko. Itoshe kusema kwamba tulikutana kila mwezi isipokuwa mmoja, kwamba tumefunga mwaka bila deni, na kwamba wanasheria na wachumi katika chama hiki sasa wanakaribiana kwa idadi. Hilo la mwisho limebadili mijadala yetu. Mwanasheria akisikia kesi huuliza nani alimkosea nani. Mchumi huuliza hao watakaoisikia hukumu watafanya nini kesho. Mwaka mzima tumejaribu kuyajibu maswali yote mawili katika kikao kimoja, na kuna siku tulitoka tukiwa hatujapatana.

Kikao kilichohudhuriwa na wengi zaidi kilikuwa cha hukumu ya Jaji Learned Hand wa Marekani ya mwaka 1947. Tishari liitwalo Anna C, lililosheheni unga, lilichomoka kwenye kamba zake katika bandari ya New York, Januari 1944, baada ya watu wa tagi, meli ndogo ya kuvuta vyombo vingine, kuzigusa kamba hizo. Likasukumwa na upepo hadi likagonga meli ya mafuta, rafadha ya meli ikalitoboa, likazama na mzigo wake. Mtunzaji wa tishari alikuwa ameshuka tangu jioni ya siku iliyotangulia, zaidi ya saa ishirini nyuma. Je, kutokuwepo kwake kulikuwa uzembe?

Hand hakutafuta jibu katika desturi za mabaharia peke yake. Aliweka mambo matatu kwenye mizani: uwezekano wa chombo kuchomoka, ukubwa wa hasara ikitokea, na mzigo wa kujikinga. Kama mzigo wa kujikinga ni mdogo kuliko hasara ikizidishwa kwa uwezekano wake, asiyejikinga amezembea. Siku za Januari ni fupi, bandari ilikuwa na msongamano wa wakati wa vita, vyombo vikihamishwa huku na kule. Kumweka mtu ndani wakati wa saa za kazi mchana hakukuwa mzigo mkubwa. Mwenye tishari akabebeshwa sehemu ya hasara.

Mwanachama mmoja aliyewahi kuwa hakimu alisimama akasema katika kazi yake yote hakuwahi kupewa namba hata moja kati ya hizo tatu. Ni kweli, na Hand mwenyewe mwaka 1949 alikiri ugumu wa kupima kwa namba mambo yasiyopimika. Hata hivyo naona thamani ya kanuni ile iko kwa mwenye tishari la pili na la tatu, yule ambaye chombo chake hakijazama. Huyo anapojua kipimo kitakachotumika, atamlipa mtunzaji abaki chomboni pale inapofaa, na atamruhusu ashuke pale ambapo hatari ni ndogo mno. Fidia aliyotozwa mmoja imepanga mwenendo wa bandari nzima.

Mchumi Ronald Coase tulimpa vikao viwili. Wengi hapa walikuwa wamemsikia kwa nusu tu: kwamba watu wakiweza kuafikiana bila gharama, haijalishi mahakama imempa nani haki, mali itaishia kwa anayeithamini zaidi. Katika makala yake ya 1960 alirejea kesi ya London ya mwaka 1879, Sturges dhidi ya Bridgman. Mtengeneza peremende alikuwa ametwanga kwa vinu vyake miaka mingi bila kusumbua mtu, hadi daktari jirani alipojenga chumba cha kupimia wagonjwa kwenye mwisho wa bustani yake, ukuta kwa ukuta na jiko lile. Mahakama ilimzuia mtengeneza peremende. Coase akauliza swali lililotukera wengi: nani hasa alimdhuru nani? Pasipo daktari, kelele si madhara. Pasipo vinu, chumba hakina tatizo. Madhara yana pande mbili, na anayetunga sheria anachagua upande upi uubebe.

Lakini sehemu muhimu ya makala ile ni nusu ya pili, ambayo husahauliwa. Coase hakusema tunaishi katika dunia isiyo na gharama za kuafikiana. Alisema kwa kuwa gharama hizo zipo, na mara nyingi ni kubwa, uamuzi wa sheria una uzito. Majirani wawili wanaweza kukaa wakazungumza. Watu elfu wanaovuta moshi wa kiwanda kimoja hawawezi. Niliandika sentensi hiyo kwenye daftari langu na nimeirudia kila nilipokutana na mwanachama anayedhani Coase alitaka sheria zifutwe.

Kuhusu uhalifu na adhabu nitapita haraka, kwa kuwa mihtasari ya vikao hivyo iko kwa katibu. Tulianza na Beccaria, mwanafikra wa Italia aliyeandika mwaka 1764 kwamba adhabu ndogo isiyokwepeka huzuia kuliko kali inayokwepeka, tukafika kwa mchumi Gary Becker na makala yake ya 1968 kuhusu uhalifu na adhabu. Becker alisimulia katika hotuba yake ya Nobel kwamba wazo lilimjia akiwa amechelewa kumtahini mwanafunzi, akipima kama aegeshe gari pasiporuhusiwa: faini ni kiasi gani, na uwezekano wa kukamatwa ni upi? Mtu mwenye akili timamu hupima yote mawili.

Ushahidi ulionigusa zaidi ni wa wanadiplomasia wa Umoja wa Mataifa walioko New York, uliochapishwa na Raymond Fisman na Edward Miguel mwaka 2007. Kinga ya kidiplomasia iliwafanya wasiweze kulazimishwa kulipa faini za maegesho, na kwa miaka mitano kuanzia 1997 zilirundikana faini zaidi ya 150,000 ambazo hazikulipwa. Mwaka 2002 jiji lilipopata uwezo wa kung'oa namba za kidiplomasia za magari hayo, makosa yalishuka kwa takriban asilimia 98. Hapo mchumi atashangilia. Ila tazameni kipindi cha kabla: kinga ilikuwa ileile kwa wote, na bado wanadiplomasia wa nchi kama Norwei na Uswidi karibu hawakuwa na deni. Kitu kingine kiliwashika mikono, na hakikuwa faini. Nadhani yeyote anayetunga sheria anapaswa kuyabeba matokeo haya mawili pamoja, asichukue lile linalompendeza.

Sasa nifike kwenye jambo letu wenyewe, ambalo ndilo hasa lililonifanya niandike kwa urefu.

Mkutano mkuu uliopita ulipitisha, kwa pendekezo langu, kanuni kwamba mwanachama atakayekosa vikao vitatu mfululizo atapoteza haki ya kupiga kura hadi mwaka mpya. Nia ilikuwa kuongeza mahudhurio. Nilipopitia daftari la mahudhurio niliona jambo ambalo lilinisikitisha. Waliokuwa wakikosa mara moja moja na kutuma udhuru sasa walikosa mara mbili bila neno, kisha wakaja kikao cha tatu, wakatia saini, na baadhi wakaondoka kabla ya mjadala. Kabla ya kanuni, kukosa kikao hata kimoja kulihitaji maelezo kwa wenzako. Baada yake, vikao viwili viligeuka haki yako. Tuliuchora mstari, na watu wakaja kusimama pale tulipouchora. Hakuna mwanachama aliyevunja kanuni, na simlaumu hata mmoja. Waliisoma kanuni kama ilivyoandikwa.

Lililo gumu kulikubali ni kwamba nilikuwa nimeshasoma utafiti wa Uri Gneezy na Aldo Rustichini wa mwaka 2000. Katika vituo kumi vya kulelea watoto mjini Haifa, Israeli, sita vilianza kuwatoza faini wazazi waliochelewa kuwachukua watoto. Uchelewaji ulipanda hadi takriban mara mbili. Faini ilipoondolewa, haukurudi ulikokuwa. Kwa mzazi, kilichokuwa deni la heshima kwa mlezi aliyemsubiri kiligeuka huduma iliyolipiwa. Niliusoma, nikaufundisha hapa, kisha nikapendekeza kanuni yenye kasoro ileile. Nililiangalia kosa la wasiohudhuria, sikuwaangalia waliokuwa wakihudhuria kwa sababu nyingine kabisa.

Sheria kubwa nazo hukwama hapo. Marekani ilipopitisha mwaka 1973 sheria ya kulinda viumbe walio hatarini kutoweka, mwenye shamba ambaye ndege wa aina hiyo wangejenga kwake alizuiwa kuvuna miti yake. Dean Lueck na Jeffrey Michael walionyesha mwaka 2003, kwa kuchunguza misitu ya North Carolina, kwamba wamiliki waliokuwa karibu na makazi ya kigong'ota aina moja anayetaga katika misonobari mizee waliikata misonobari yao mapema, kabla haijazeeka kiasi cha kumvutia. Sheria ya kumlinda ndege ikampunguzia mahali pa kutaga.

Kuna hoja moja ya wanasheria wetu ambayo wachumi hatukuijibu vya kutosha, na nataka iingie kwenye kumbukumbu. Tunaposema mali iende kwa anayeithamini zaidi, tunapima thamani kwa utayari wa kulipa, na asiye nacho hawezi kuonyesha utayari huo hata jambo liwe uhai wake. Mwanafalsafa wa sheria Ronald Dworkin alimbana Richard Posner, mwanasheria aliyetetea kipimo hicho, kwa hoja ya aina hiyo mwaka 1980, alipouliza kama utajiri ni jambo lenye thamani kwa nafsi yake. Naona hoja hii ni sahihi. Faini ya kiasi kimoja kwa wote humwumiza mmoja na kumpita mwingine kama upepo. Ufini tangu 1921 hupima faini kwa kipato cha siku cha mkosaji, na hiyo ni njia mojawapo ya kuendelea kutumia hesabu za Becker bila kuwasahau maskini. Naomba kamati ya mada ilipe suala hili vikao visivyopungua viwili mwaka ujao.

Maazimio mawili yako mbele yenu. La kwanza, kufuta kanuni ya vikao vitatu. La pili, badala ya adhabu, kila kikao kiwe na wajibu-hoja wawili watakaotajwa kwa majina mwezi mmoja kabla, kwa zamu, ili kila anayekosa awe amemwacha mwenzake peke yake mbele ya mada. Siamini kwamba azimio la kwanza litarudisha mahudhurio ya zamani lenyewe, Haifa imetuonyesha. Kuhusu la pili, naomba kila atakayepiga kura asimame kwanza aueleze mkutano angelikwepaje, na katibu ayaandike majibu yote kabla hatujahesabu mikono.