Barua kwa Mwanangu Anayebuni Ulimwengu

Kisumu

Mwanangu mpendwa,

Pokea salamu nyingi kutoka nyumbani. Sote tu wazima.

Daftari lako nimelisoma mpaka ukurasa wa mwisho. Visiwa vyako, na kile chuo ambacho wanazuoni husoma maumbo yanayojirudia ndani yake yenyewe, madogo ndani ya makubwa, vimenifurahisha kuliko ninavyoweza kueleza. Ila kuna jambo linanisumbua. Umeandika kwamba elimu yao iliteremshwa na mzimu wa ziwa ikiwa kamili. Mimi sikubali. Elimu huanza watu wanapobishana, na mara nyingi wanabishania mali.

Unajua kazi yangu ni kupima ardhi. Ukipima ufuo wa Ghuba ya Winam hapa Ziwa Victoria kwa hatua za kilomita kumi kumi, utapata urefu fulani. Rudia kwa kamba ya mita mia, na vijighuba ulivyoviruka mwanzo vitaingia kwenye hesabu, urefu uongezeke. Fuata kila kona ya mafunjo pale Dunga, utaongezeka tena. Kamba haina kosa, ufuo ndivyo ulivyo. Mwingereza Lewis Fry Richardson alikuta mpaka wa Uhispania na Ureno umeandikwa kilomita 987 mahali pamoja na 1,214 mahali pengine. Mwanahisabati Benoit Mandelbrot akaishika hoja hiyo mwaka 1967 akiuliza pwani ya Uingereza ina urefu gani, na mwaka 1975 akayapa maumbo ya namna hii jina la fraktali.

Basi wape watu wako ugomvi kama huo. Visiwa viwili vinalipa kodi kwa urefu wa ufuo. Karani wa kisiwa kimoja ana kamba ndefu, mwenzake ana fupi. Wote waaminifu, na hesabu hazilingani. Chuo kizaliwe hapo.

Sasa lile zindiko la kuulinda mji, ambalo umesema nguvu yake hutokana na urefu wa mstari uliochorwa. Hapo umegusa dhahabu, na nadhani hujajua. Mwaka 1904 mwanahisabati Helge von Koch wa Uswidi alieleza mstari huu: chukua mstari ulionyooka, ugawe sehemu tatu sawa, ondoa ya katikati, badala yake simamisha mbili zenye urefu uleule zikutane juu kama paa. Sasa una vipande vinne. Kila kimoja kifanyie vivyo hivyo, na usiache. Kila hatua urefu unaongezeka kwa theluthi, bila kikomo. Lakini ukianza na pembetatu yenye pande sawa, ukachora hivyo kwa nje, eneo lililozungukwa halitapita kamwe 8/5 ya lile la mwanzo. Mstari usio na mwisho umezunguka kiwanja cha kawaida! Chora mwenyewe kwa penseli kabla ya kuendelea kusoma.

Kuna jambo jingine wanazuoni wako wangelijadili usiku kucha. Kuza mstari ulionyooka mara tatu, utapata vipande 3 sawa na ule wa awali. Kuza mraba mara tatu, utapata 9. Mstari wa Koch hutoa 4. Kwa hiyo si mstari kamili wala si uwanda. Tatu ni 3 kwa kipeo cha 1, tisa ni 3 kwa kipeo cha 2, na nne ni 3 kwa kipeo cha karibu 1.26. Kipeo hicho ndicho kipimo chake, kati ya 1 ya mstari na 2 ya uwanda.

Usiogope kwamba hawana kompyuta. Mandelbrot alikuwa nazo pale kampuni ya IBM, Koch hakuwa nayo. Na Wabaila wa kusini mwa Zambia walijenga vijiji vya duara kubwa lililoundwa na maduara ya maboma, kila boma nalo likiwa duara la vijumba. Mtafiti Mmarekani Ron Eglash ameyaandika hayo vizuri.

Kinachokosekana kwako ni mpaka wa nguvu ya zindiko. Piga hesabu: upande wa zindiko ukiwa mita 27, katika hatua ya tatu kila kipande ni mita 1. Ya sita, chini ya sentimita 4. Ya tisa, milimita 1 na kidogo. Mkono wa binadamu unaishia hapo, na mstari umekuwa mrefu mara 13 na ushei kuliko ulivyoanza. Kwa hiyo mwanafunzi wa mwaka wa kwanza achore hatua ya pili, mabingwa wafike ya tisa wakiwa wazee wenye macho yaliyochoka, na mji mzima uwajue kwa majina.

Halafu siku moja aje kijana kutoka kimoja cha vile visiwa vya makarani, aseme amechora ya kumi, na zindiko lake lishike. Iandike sura hiyo kabla ya likizo. Nataka kujua alichora kwa kutumia nini, na nani alikuwa na jicho la kumhakiki.

Mama yako