Kwa mwanangu anayetaka kujidunga sumu ya swila

Mwanangu mpenzi,

Assalaam alaykum warahmatullahi wabarakatuh. Ama baada ya salamu, sisi huku Malindi hatujambo. Babako karudi baharini jana, mgongo bado unamsumbua ila hataki kusikia habari za kupumzika. Dada yako anakusalimu. Nakuandikia kwa sababu kwenye simu hunipi nafasi. Nikisema neno moja wewe ushasema kumi. Watamu si mbali, lakini nauli ya kuja kugombana siitoi.

Nimeisikiliza ile sauti uliyonitumia. Unasema utaizimua sumu ya swila kwa maji ya chumvi, ujidunge tone kila wiki, uongeze kidogo kidogo, mpaka swila akikuuma iwe kama umechomwa na mwiba. Unasema yuko Mmarekani aliyefanya hivyo, na mimi niliyezeeka katika unesi napaswa kujua kwamba hiyo ni sayansi. Haya baba, tuizungumze hiyo sayansi, maana naona umeishika nusu.

Huyo Mmarekani ni Tim Friede wa Wisconsin. Kwa karibu miaka 18 alijidunga sumu za nyoka wa aina nyingi, akajiachia kuumwa zaidi ya mara 200. Mei 2025 watafiti walitangaza katika jarida la Cell kwamba wamepata kingamwili mbili, yaani protini za mwili zinazoishika sumu, kutoka kwenye damu yake, wakazichanganya na dawa iitwayo varespladib, na panya waliopewa mchanganyiko huo wakastahimili kabisa sumu za nyoka wa aina 13, na za aina nyingine 6 kwa kiasi. Ni kazi kubwa, simnyimi sifa. Lakini ulisoma habari za mwaka 2001? Alishaanza kujidunga, akaumwa na swila wawili ndani ya saa moja, akazimia akalala hospitali bila fahamu. Tena hao nyoka 19 wote ni wa ukoo wa swila na koboko. Moma hayumo. Na wewe unajua vizuri kuliko mimi ni nani anayelala kwenye vijia vya mashambani usiku, asiyeondoka hata akisikia miguu inakuja.

Vijana wenzako watakutajia pia Bill Haast wa Florida, aliyeanza kujidunga mwaka 1948 na kufariki 2011 akiwa na umri wa miaka 100. Kweli. Alipoteza kidole pia, kwa nyoka asiye wa ukoo wa swila, lakini hilo halisimuliwi sana barazani.

Sasa sikiliza mambo yanavyokwenda mwilini. Kinga yako ni kama wavu: sumu ya nyoka ni protini, samaki mkubwa, kwa hiyo hunaswa, na mwili ukishamnasa hutengeneza kingamwili za kumshika huyo huyo akija tena. Hapo ndipo ulipoishia kusoma. Ukichanjwa surua, mwili huhifadhi kumbukumbu, na adui akija unazo siku kadhaa za kujikusanya. Koboko hakupi siku. Sumu yake inaweza kukuzimia pumzi katika saa chache, kabla kumbukumbu haijaamka. Kwa hiyo kumbukumbu haikutoshi. Unahitaji kingamwili nyingi zinazoelea damuni usiku na mchana, na hizo hupungua ukiacha kujidunga. Maana yake ni sindano za sumu maisha yako yote. Na kila sindano ina kazi yake nyingine pembeni, kwa sababu sumu ya swila mtema mate inaua nyama pale inapoingia, na figo nazo zinaweza kuumia.

Kuna jambo hukuligusa kabisa, nalo ndilo linaloninyima usingizi. Dozi ndogo za mara kwa mara zinaweza kuufundisha mwili kinyume cha unavyotaka. Badala ya kuzoea, unapata mzio. Wafugaji wa nyoka wamepata mzio hata kwa kuvuta pumzi yenye vumbi la sumu iliyokauka. Siku hiyo tone lile lile ulilolizoea linakuvimbisha koo, presha inashuka, na dakika chache zinatosha. Hapo hujauawa na sumu, umeuawa na mwili wako wenyewe. Wodini nimewaona watu waliofika hivyo kwa kuumwa na nyuki mmoja tu, na sitaki kukueleza nyuso zao.

Usinijibu kwamba madaktari nao huwachoma watu sumu ya nyuki kidogo kidogo ili wapone mzio wa nyuki. Wanawachoma, na njia hiyo ina historia ndefu. Leonard Noon aliianza London mwaka 1911 kwa chavua ya nyasi. Lakini hufanyika hospitalini, kwa sumu iliyopimwa, adrenalini, dawa ya kuuzima mzio wa ghafla, iko mezani, na mgonjwa haruhusiwi kuondoka mara tu baada ya sindano. Wewe adrenalini utaiweka wapi, kwenye friji ya soda za watalii?

Na kwani hujui kwamba kazi unayotaka kuifanya ilishafanywa na farasi? Mwaka 1895 Mfaransa Albert Calmette alikuwa ameshatengeneza dawa ya sumu ya swila kutoka kwenye damu ya wanyama waliodungwa kidogo kidogo. Mpaka leo ndivyo inavyofanywa: farasi hudungwa kwa miezi, damu yake hukingwa, kingamwili zikasafishwa, zikatiwa kwenye chupa. Calmette mwanzoni alidhani dawa ya swila itawatosha nyoka wote. Vital Brazil, kule São Paulo, akaonyesha kwamba kila nyoka anataka dawa yake. Ndiyo maana ile ya Afrika Kusini, ambayo hospitali zetu zikiipata hushukuru, hutoka kwa farasi waliodungwa sumu za nyoka kadhaa pamoja, moma na koboko wakiwemo. Ni ghali, na haipatikani kila zahanati. Hilo la kukosekana ndilo linalostahili hasira zako, maana Shirika la Afya Duniani linakadiria nyoka huua watu kati ya 81,000 na 138,000 kila mwaka. Ukitaka kupigana, pigania chupa hizo zifike Ganze na Magarini.

Najua pia habari za yule mfalme, maana umenitumia na picha yake. Mithridates wa Ponto, kwenye Bahari Nyeusi, ambaye babake aliuawa kwa sumu, naye akawa anameza sumu kidogo kidogo ili asipatikane. Mwaka 63 kabla ya kuzaliwa Nabii Isa, alipozidiwa na Warumi, akataka kujiua kwa sumu isimwue, ikabidi amwombe askari wake ammalize kwa upanga. Wanaoisimulia hupenda kuishia hapo. Mimi ni mzazi, nikakumbuka kwamba binti zake wawili walikuwa naye, wakaomba wanywe kwanza. Sumu ile ile. Wao walikufa papo hapo.

Tena hadithi hiyo imewadanganya watu wengi, wakadhani mwili huzoea kila kitu. Hauzoei. Sumu nyingine ni ndogo mno, wavu hauzioni. Muulize babako kuhusu samaki bunju: hakuna mvuvi aliyejizoesha kula bunju mbichi asiyesafishwa akawa salama, na dawa yake haipo. Bunju mwenyewe sumu hiyo haimdhuru kwa sababu mishipa yake ya fahamu ameumbwa nayo hivyo, hakujifunza. Nguchiro naye anapomkabili swila, ni hivyo hivyo, kazaliwa nayo.

Muhogo mchungu je? Una sayanaidi, na mwili unayo njia ya kuipunguza makali, mradi ule protini ya kutosha. Mwaka 1981 kule Nampula, Msumbiji, wakati wa ukame, watu walikula muhogo mchungu ambao haukulowekwa wala kukaushwa inavyotakiwa, kidogo kidogo kila siku. Zaidi ya watu elfu moja walipooza miguu, wengi wanawake na watoto, na ugonjwa huo, konzo, ukishaipata miguu hairudi kama zamani. Dozi ndogo, za kurudia. Nani alizoea?

Na unga, yaani heroini. Hapa nakuomba usiruke mistari, maana mitaa yetu unaijua. Teja huzoea kweli. Alichoanza nacho hakimpi tena kitu, anaongeza, na dozi anayofikia ingekuua wewe na mimi kwa pamoja. Ukimtazama utasema mwili wake umejenga ngome. Halafu anakamatwa, au anakwenda kupumzishwa, miezi inapita, anatoka mnene, uso umerudi, mamake analia kwa furaha. Jioni anakutana na rafiki zake, anachukua kipimo chake cha zamani. Mwili umeshasahau. Pumzi inapungua, midomo inakuwa ya samawati, na mara nyingi wenzake wanadhani amelala. Ndio hao tuliokuwa tukiletewa alfajiri. Tangu 2015 Malindi ina kliniki ya metadoni, dawa wanayopewa mateja badala ya heroini, na hata pale mtu asipofika kwa siku kadhaa harudishiwi dozi yake ile ile; anashushwa, anapandishwa upya, kwa sababu hiyo hiyo.

Basi ukitaka kukaa na nyoka, kaa nao, sikukatazi, ingawa babako angekutaka mashuani. Nenda pale Bio-Ken, shamba la nyoka, wapo hapo hapo Watamu tangu James Ashe alipoianzisha mwaka 1980, uwaulize wanavyoshika nyoka na vifaa gani wanavaa. Nunua miwani ya kufunika macho yote. Ukitemewa, osha kwa maji mengi, si maziwa ya mtu wala mkojo. Ukiumwa, vua pete na saa, tuliza mkono au mguu usitikisike, usichanje, usinyonye, usifunge kamba ya kukaza, usibandike lile jiwe jeusi wanalosema hunyonya sumu, uende hospitali. Andika nambari ya dereva wa tuktuk anayepokea simu usiku, na uulize mapema ni hospitali gani ina dawa mwezi huu. Usingoje siku ya kuumwa ndipo uulize.

Bibi yako anauliza kama utakuja Idi. Njoo, na zile sindano ulizonunua uje nazo zote. Nitazitia mimi mwenyewe kwenye sanduku la taka za hospitali.

Wasalaam,
Mama yako