Barua kwa mjomba anayehojiwa kwenye filamu za Mkwawa

Mjomba, shikamoo. Kamwene.

Nimeitazama ile filamu ya makala kuhusu Mkwawa, chifu wa Wahehe aliyepigana na Wajerumani, waliyokurekodi Kalenga. Kuhusu vita vya Lugalo umenifurahisha sana. Wengi wakishasimulia ushindi wa tarehe 17 Agosti 1891 na kifo cha kamanda wa Wajerumani, Emil von Zelewski, huishia hapo. Wewe umewapeleka mbele: ngome ya Kalenga kuanguka Oktoba 1894, kisha Mkwawa kupigana porini hadi alipojipiga risasi Mlambalasi, Julai 1898. Hata hapa Iringa mjini vijana wengi hawaijui miaka ile ya porini.

Kilichoniuma ni habari ya fuvu la Mkwawa, lililochukuliwa na Wajerumani. Nimekusikia ukiieleza mara nyingi: Mkataba wa Versailles wa 1919, ibara ya 246, uliitaka Ujerumani ilikabidhi fuvu kwa Waingereza ndani ya miezi sita, halikuja. Baadaye Gavana wa Tanganyika, Edward Twining, akaenda kwenye makumbusho ya Bremen, akakuta mafuvu mengi, akachagua moja kwa kulinganisha vipimo vyake na vya vichwa vya ndugu wa Mkwawa waliokuwa hai. Mwaka 1954 akalikabidhi Kalenga, kwa Chifu Adam Sapi Mkwawa. Vipimo tu, mjomba! Enzi hizo hapakuwa na kupima vinasaba. Hilo huliachi kamwe ukizungumza, na ndilo walilolikata. Imebaki sauti yako ikisema, "Fuvu likarudi nyumbani," halafu ngoma.

Mhariri ana saa nyingi za mazungumzo, anatafuta sentensi inayojitosheleza. Ukitanguliza habari na kuiacha shaka ije baadaye, atakata hapo katikati. Nakuomba shaka uiweke ndani ya sentensi hiyohiyo: "Fuvu alilolichagua Twining kwa vipimo lililetwa Kalenga mwaka 1954." Hapo hana pa kukata.

Na kabla hawajawasha kamera, waulize watakuandikaje chini ya picha. Safari hii wameandika "mzee wa kijiji", wewe uliyefundisha historia mpaka ukastaafu, uliyekaa na wazee na kuandika masimulizi yao kwenye madaftari. Mzungu aliyefuata wamemwandika "mwanahistoria", na nusu ya aliyoyasema ulishayasema wewe. Hilo usilinyamazie, mjomba. Mtazamaji huamua amwamini nani kwa kusoma mstari ule.

Wakikupigia tena, nijulishe mapema. Nataka niwepo wakati wa kurekodi, na tuwaombe watuonyeshe kazi kabla hawajaitoa.