Tumpe, nisaidie na hii nadharia kabla sijamaliza hadithi

Kamwene Tumpe wangu,

Habari za Tukuyu? Mvua zimekata au bado mnatembea na miamvuli? Huku Iringa baridi ya mwezi wa sita imekaza, asubuhi maji ya ndoo yanauma mikono. Watoto wazima, mahindi ndo tunavuna, baba yao yuko Mafinga kwenye mbao. Tumekaa kimya wote wawili kwa hiyo tusilaumiane, mama Eliza kaniambia umeachiwa fizikia yote ya pale shuleni peke yako, pole sana. Na mimi nakuja na ombi la fizikia hiyohiyo.

Unaikumbuka ile hadithi ninayowaandikia wanafunzi wa klabu ya sayansi? Imekuwa kubwa, na sababu ni bibi.

Hali yake unaijua, ule ugonjwa wa ubongo unaomsahaulisha. Sasa juzi kaamka kabla hata jogoo hajawika, kajifunga kanga kichwani, anatuharakisha wote tuvae twende Kalenga maana leo fuvu la Mkwawa, yule chifu wa Wahehe aliyepigana na Wajerumani, linaletwa. Tumpe, fuvu lililetwa tarehe 19 Juni 1954! Gavana wa Kiingereza, Twining, alimkabidhi Chifu Adam Sapi, mjukuu wa Mkwawa, bibi alikuwa katoto ka miaka minane hivi. Na hakuwa anasimulia, yeye alikuwa hukohuko. Ananikataza nisiguse kaniki ya mama yake maana ni mpya inachuja, halafu anaangalia viganja vyake, anavifuta kwenye sketi, anaviangalia tena kama rangi imetoka. Mwanangu Baraka, bibi kamwita kwa jina la kaka yake marehemu, anamwomba ambebe mabegani, watu ni wengi haoni mbele. Mtoto wa watu akachuchumaa tu pale, hajui aseme nini.

Ndo nadharia ikanijia. Kwenye hadithi kuna mwanasayansi, mama mmoja, anasema mwili hauwezi kurudi nyuma ila akili inaweza. Anaanzia kwa Einstein, ile barua aliyoandika 1955 rafiki yake Besso alipofariki, kwamba kwa sisi tunaoamini fizikia tofauti ya jana na leo na kesho ni kitu tunachokiona tu hata kama kimetushika sana. Kwa hiyo 1954 haijaenda popote, ipo. Akili anasema ni kama redio, ubongo mzima umeikaza stesheni ya leo, na kinachokaza ni hipokampasi, kale kasehemu ka ndani kanakoshughulika na kumbukumbu. Kakilegea, akili inateleza inaenda stesheni nyingine, lakini ni zile tu ambazo mwili wake mwenyewe uliwahi kuwepo. Huwezi kwenda kwa Mkwawa mwenyewe 1898, haukuwepo.

Naona inakaa vizuri na mambo ya kweli, au wewe unaonaje? Mfaransa Ribot aliandika tangu 1881 kwamba kumbukumbu mpya ndo zinatangulia kupotea, za utotoni zinabaki mwisho, na bibi ndo hivyohivyo, chai ya saa nne haikumbuki ila 1954 anaijua mpaka vumbi lake. Halafu kuna yule mgonjwa wa Toronto aliyechunguzwa na mwanasaikolojia Endel Tulving, wanamwita K.C., alipata ajali ya pikipiki 1981 akaumia ubongo. Chesi anacheza, mambo ya dunia anayajua, lakini tukio hata moja la maisha yake halikumbuki, na ukimuuliza kesho utafanya nini anasema kichwani ni patupu. Yaani jana na kesho zilipotea pamoja! Nilipojua hilo sikulala, nikawa nawaza kwamba kumbe mlango ni mmoja.

Shida iko hapa, na ndo maana nakuandikia wewe. Kama akili ya bibi imeenda 1954, yule katoto aliyesimama pale Kalenga, yaani bibi mwenyewe wa wakati ule, naye ana akili yake. Ziko mbili kwenye kichwa kimoja. Je alisikia chochote? Maana akijua ya mbele atayabadilisha, na yakibadilika bibi wa leo hayupo wa kurudi. Nikaona katoto nikaachie huzuni tu, katoto analia katikati ya watu wanaoshangilia na hajui analilia nini. Sasa sikia, nikamsomea mama kipande hicho, mama akaniambia bibi zamani, hajaanza kuumwa, alikuwa akisimulia kwamba siku ile alilia sana mpaka kaka yake akamshusha. Mimi sikuwa nalijua hilo. Watoto wanalia kwenye watu wengi, najua, lakini Tumpe mwili ulinisisimka.

Kitu kingine kinanikosesha raha, majirani. Kuna waliokwishaanza kusema bibi anaongea na wafu, na wewe unajua huku kwetu maneno ya hivyo yakikaa kwa bibi kizee yanaishia wapi. Daktari alishatuambia wazi ni ugonjwa wa ubongo, na ndivyo ninavyomwambia kila anayeuliza, na mwanasayansi wangu kwenye hadithi nimempa maneno hayohayo, kwamba mgonjwa ni mgonjwa, apewe uji, aoshwe, afungiwe geti asipotee, hayo ya akili kusafiri ni swali lingine. Sitaki mtu asome aache kumpeleka mama yake hospitali.

Ila narudi palepale kwenye huzuni. Zile saa za atomiki walizozungusha dunia kwa ndege 1971 zilirudi zimetofautiana na zilizobaki chini, na mpaka leo saa za satelaiti za GPS, zile zinazoonyesha simu mahali ulipo, zinawahi za kwetu kwa maikrosekunde kama 38 kwa siku mpaka zirekebishwe, kwa hiyo muda kunyumbulika nimekubali. Lakini je, huzuni ni taarifa? Ikifika 1954 bila neno hata moja, bado itahesabika kuna kitu kimetumwa nyuma? Na nguvu ya kuituma inatoka wapi? Au nimfanye bibi awe anaangalia tu, asiguse kitu? Naona kama nitakuwa nimemnyima.

Kurasa za hadithi nakutumia kwa yule konda wa basi la Mbeya, umpigie. Utazisoma lini? Likizo unakuja au unabaki na kidato cha nne? Baba yako mguu umepona? Na viazi huko gunia bei gani sasa, nimwambie baba Baraka apitie?

Wako,
Neema